Tusidanganyane Kuhusu Vatikano

Katika toleo lililopita mwenzetu mmoja aliandika kurasa nne nzima kuisifia Vatikano. Simtaji jina, anajijua. Makala ilikuwa tamu, lazima niseme, jamaa ana kalamu. Hoja yake ilikuwa hii: pale Roma kuna dola ndogo kuliko zote duniani, haina vyama, haina kampeni, haina bunge la kuzomeana, mtu mmoja mwenye hekima ndiye anayeamua, na mambo yanakwenda. Himaya ngapi zimeanguka, yenyewe ipo. Kwa hiyo, akasema, hii habari ya kupiga kura kila siku ni ugonjwa tuliouambukizwa tu. Akamalizia kwa kupendekeza kwamba hata mkutano wetu wa Desemba usichague mhariri. Mlezi wa chama ateue anayemfaa, basi, tuendelee na kazi.

Makala ikasomwa kijiweni kwa sauti, watu wakapiga makofi. Hapo ndipo nilipoudhika. Mimi nimelelewa katika Kanisa hilo hilo, mama yangu hakosi jumuiya ndogo ndogo hata mvua ikinyesha, kwa hiyo asije mtu akasema namtukana Baba Mtakatifu. Sizungumzii imani. Nazungumzia utawala: nani anatunga sheria, nani anashika fedha, nani anahukumu, na mkubwa akifa kinafuata nini. Katika hayo mwenzetu ametulisha hadithi.

Tuanze na hiyo dola yenyewe. Ukubwa wake ni hekta 44. Ukiamka asubuhi ukaizunguka kwa miguu, chai utaikuta bado ya moto. Wengi wetu tunadhani imekuwapo tangu enzi za mtume Petro. Wapi! Ilizaliwa tarehe 11 Februari 1929, Kadinali Pietro Gasparri alipotia sahihi Mkataba wa Lateran pamoja na Benito Mussolini. Ndiyo, Mussolini huyo huyo. Kabla ya hapo Mapapa walikuwa wafalme wa eneo kubwa la Italia ya kati, wakanyang'anywa kipande kwa kipande, mpaka jeshi la Italia lilipoingia Roma tarehe 20 Septemba 1870. Kwa miaka 59 Mapapa walijifungia ndani wakijiita wafungwa. Mkataba ukamaliza ugomvi: Italia ikatoa lira milioni 750 taslimu na hati za dhamana za lira bilioni moja, na kipande kile cha ardhi kikatambuliwa kuwa dola.

Kwa nini dola? Ili Papa asiwe mpangaji wa mtu. Ni ukuta wa ua, wa kumzuia jirani asiingie na kumwamrisha mwenye nyumba. Mwenye nyumba ni Kiti Kitakatifu, yaani ofisi ya Papa kama mkuu wa Kanisa, na hicho ni kitu kingine kabisa. Mabalozi wa nchi zaidi ya 180 wanapeleka hati zao kwa Kiti Kitakatifu, wala hawaendi kwa ule mji. Katika Umoja wa Mataifa, tangu 1964, mtazamaji ni Kiti Kitakatifu. Mwenzetu alivichanganya viwili hivi kama mchele na choroko, halafu akatuambia tule.

Sasa msikilize vizuri: dola ile haina wananchi. Ina watu, mia kadhaa, lakini hakuna aliye raia kwa sababu ya kuzaliwa pale. Uraia unafuata kazi. Makadinali wanaokaa Roma ni raia, mabalozi wa Papa ni raia, walinzi wa Kiswisi ni raia. Kazi ikiisha, uraia umekwisha. Mtoto wa mlinzi akishakuwa mtu mzima, haki ile inamtoka. Mkataba wenyewe wa 1929 uliona tatizo hilo ukaweka kifungu: anayepoteza uraia wa Vatikano, kama hana nchi nyingine, anakuwa Mwitalia. Fikiria nchi ambayo ukiachishwa kazi unahamia nchi jirani siku hiyo hiyo, na jirani amekwisha kubali kukupokea!

Na huyo jirani anabeba mengi. Mkataba ulimtaka Italia ahakikishe maji yanafika na reli inafika. Uwanja wa Mtakatifu Petro, ule tunaouona kwenye televisheni umejaa watu, ni ardhi ya Vatikano, lakini kwa kawaida polisi wanaosimamia usalama pale ni wa Italia. Mhalifu akikamatwa, Vatikano inaweza kuiomba Italia imshtaki na kumwadhibu kwa niaba yake. Hakuna mkulima pale wa kudai bei ya kahawa, hakuna wazazi wa kudai madawati. Mapato yanatoka kwenye makumbusho, stempu, sarafu, duka la dawa ambalo Warumi wanapanga foleni, na kodi za majengo. Kiti Kitakatifu nacho kinapokea sadaka za waumini. Ukiwa na nchi ya namna hiyo hata mimi ningeweza kuitawala bila bunge. Mwenzetu anataka kuchukua utaratibu wa ofisi ya parokia akauvalishe taifa la mamilioni.

Lakini tuseme nakubali, tulinganishe tu. Je, ni kweli mtu mmoja ndiye anayeiendesha?

Kwenye karatasi, ndiyo. Sheria Msingi ya mwaka 2000 ilisema, na ile mpya ya Papa Francis, iliyoanza kazi tarehe 7 Juni 2023, inasema vilevile: mamlaka ya kutunga sheria, kutekeleza na kuhukumu, yote ni ya Papa. Lakini Papa haamki akaenda kukagua bomba. Kutunga sheria za mji kumekabidhiwa Tume ambayo wajumbe wake wanateuliwa kwa miaka 5. Rais wa Tume ndiye anaongoza pia ofisi ya utawala wa mji, yenye idara za miundombinu, makumbusho, afya, ulinzi na kadhalika. Kuna hakimu wa peke yake, kuna mahakama, kuna rufaa, kuna mahakama ya juu kabisa. Sheria ya jinai waliyoianza nayo ni ile ya Italia ya mwaka 1889, iliyochukuliwa 1929 na kuwekwa viraka mpaka leo. Yaani karatasi, karatasi, karatasi. Kilichoifanya taasisi ile idumu ni makarani wenye mafaili. Hilo halina mvuto kijiweni, najua.

Na kuhusu uchaguzi, hapa ndipo mwenzetu aliponichekesha. Ati Vatikano haina uchaguzi! Ndugu yangu, ofisi pekee yenye madaraka pale inapatikana kwa kura, na kwa sheria ya kura iliyosuguliwa kwa zaidi ya miaka 800. Theluthi mbili ilianza mwaka 1179. Na mnajua kufungiwa ndani, ile wanayoita konklave, kulitoka wapi? Mwaka 1268 Papa Clement wa Nne alifariki katika mji wa Viterbo, kaskazini ya Roma. Makadinali wakakutana hapo hapo kumtafuta mrithi. Wakavutana. Miezi ikapita, mwaka ukapita, wa pili ukaingia, wazee wanakula na kubishana kwa gharama za mji. Wananchi wa Viterbo wakachoka. Wakawafungia ndani, wakapunguza chakula, na inasimuliwa kwamba waliezua hata paa la jumba ili mvua iwasaidie kufikiri. Septemba 1271 akapatikana Gregory wa Kumi.

Papa huyo hakusahau. Mwaka 1274 akatunga sheria: makadinali wafungiwe, siku tatu zikipita bila jibu, wapewe sahani moja tu ya chakula kila mlo, siku tano nyingine zikipita, mkate, maji na divai basi. Kwa hiyo utaratibu huo ambao mwenzetu anausifia kuwa ni hekima ya mzee mmoja, ulizaliwa na watu wa mtaani walioshika nyundo. Ningekuwa mchoraji ningewachora wale wa Viterbo juu ya paa. Makadinali wameshachorwa vya kutosha.

Tangu hapo kila Papa mwenye akili ameirekebisha sheria hiyo akijua ataacha kiti. Paulo wa Sita mwaka 1970 aliwaondoa wapiga kura waliofikisha miaka 80. Yohane Paulo wa Pili mwaka 1996 aliruhusu kwamba kura zikirudiwa mara nyingi bila jibu, wingi wa kawaida utoshe. Benedikto wa Kumi na Sita akaona mtego: kundi lenye nusu na mmoja zaidi lingeweza kukaza shingo na kusubiri tu siku zihesabike. Mwaka 2007 akarudisha theluthi mbili. Je, huu ni mji usiojali kura? Kuna nchi zimepigana vita kwa kukosa mtu wa kuona mtego kama huo.

Halafu tazama kinachotokea kiti kikiwa wazi. Papa Francis alifariki tarehe 21 Aprili 2025. Siku hiyo hiyo wakuu wa idara za Kuria, karibu wote, ofisi zao zikakoma. Vigogo waliokuwa wanaogopwa asubuhi, mchana ni wazee wa kawaida wenye kofia. Anabaki kamerlengo, mtunza nyumba, na kanuni ya kwamba wakati kiti ni kitupu hakuna jambo jipya la kuanzishwa. Hakuna wa kuuza kiwanja usiku, hakuna wa kumpandisha cheo shemeji. Mei wakaingia wapiga kura 133, akiwamo Kadinali Protase Rugambwa wa Tabora, zikatakiwa kura 89, na siku ya pili, tarehe 8, akapatikana Leo wa Kumi na Nne, mzaliwa wa Chicago. Mlezi hakumteua mtu.

Na mpwa je? Karne nzima Mapapa waliwapa ukadinali watoto wa ndugu zao, wakawamwagia mashamba na vyeo, mpaka lugha za Ulaya zikalifanya neno la Kiitaliano la mpwa kuwa jina la upendeleo wa ukoo. Mwaka 1692 Innocent wa Kumi na Mbili akapiga marufuku kwa maandishi. Tena maandishi.

Sasa nije kwenye upande unaouma, ambao mwenzetu aliuruka kama mtu anayeruka dimbwi akiwa na viatu vipya. Kila mahali ambapo pale neno la mkubwa lilipita juu ya karatasi, pamenuka.

Mwaka 1942 Pius wa Kumi na Mbili aliunda benki, wanayoiita Taasisi ya Kazi za Dini. Ilimjibu Papa, haikumjibu mtu mwingine. Kuanzia 1971 iliongozwa na Askofu mkuu Paul Marcinkus. Ikashirikiana na benki ya Milano, Banco Ambrosiano, ikatoa barua za kuwatetea wadeni. Juni 1982 mkuu wa Ambrosiano, Roberto Calvi, alikutwa amening'inia chini ya daraja la Blackfriars, London, na benki yake ikaporomoka. Mwaka 1984 Vatikano ikawalipa waliodai dola zipatazo milioni 244, ikisema haina hatia kisheria ila inatambua kuhusika kimaadili. Mwaka 1987 mahakimu wa Italia wakatoa hati ya kumkamata Marcinkus. Mahakama kuu ya Italia ikasema haiwezekani, mkataba wa 1929 unamkinga. Akakaa ndani ya ukuta. Ule ukuta uliojengwa ili Papa asiamrishwe, ukamfichia mtu wa benki.

Nani alikuja kuisafisha? Msijibu haraka kwamba ni mzee mwenye hekima. Vatikano inatumia sarafu ya yuro, na mkataba wa fedha na Ulaya wa Desemba 2009 uliilazimisha itunge sheria ya kuzuia fedha haramu. Ikatungwa mwishoni mwa 2010. Wakaguzi wa Ulaya wakaja na madaftari yao. Januari 2013 Benki Kuu ya Italia ikagoma kuruhusu mashine za kadi za malipo zifanye kazi mle, kwa kuwa usimamizi haukuridhisha, na watalii waliokwenda kuona dari ya Michelangelo wakaambiwa walete fedha taslimu. Kadi zilirudi tarehe 12 Februari, siku moja baada ya Benedikto kutangaza kwamba anajiuzulu. Sikusema mambo hayo mawili yanahusiana. Nasema tu ilikuwa wiki nzito.

Kisha likaja jengo la London, Sloane Avenue, lililonunuliwa kwa mizunguko ya madalali na kuuzwa kwa hasara ya zaidi ya yuro milioni 100. Kesi ilianza Julai 2021. Tarehe 16 Desemba 2023 Kadinali Angelo Becciu alihukumiwa kifungo cha miaka mitano na nusu. Kadinali wa kwanza kuhukumiwa na mahakama ya jinai ya mji ule. Anakana makosa na alikata rufaa. Mimi sijui moyo wake. Lakini angalia jinsi kesi ilivyoandaliwa. Kati ya 2019 na 2020 Papa Francis alitia sahihi hati nne zilizowapa waendesha mashtaka uwezo ambao sheria haikuwapa, ikiwa ni pamoja na kusikiliza simu, na hati hizo hazikutangazwa. Mawakili wa utetezi wakaziona baadaye sana wakapiga kelele. Mtunga sheria ni yeye, mteuzi wa mahakimu ni yeye, aliyeibiwa ni ofisi yake, na kanuni zinabadilishwa njiani na yeye. Nia ilikuwa njema, nakubali. Francis alitaka wizi ukome. Hapo ndipo mahali pa kujifunza: nia njema bila breki iliwapa watetezi wa wakubwa hoja bora kuliko ambayo wangeitunga wenyewe.

Mfano mwingine, huu wa kufurahisha. Machi 2025 Sista Raffaella Petrini akawa mwanamke wa kwanza kuwa Rais wa utawala wa mji. Nilishangilia. Lakini Sheria Msingi, ile ya Francis mwenyewe ya miaka miwili nyuma, ilikuwa inamtaka Rais awe kadinali. Ikabidi Leo aibadilishe Novemba 2025. Mtu alikaa kwanza, kiti kikachongwa baadaye.

Sasa sisi waandishi. Tuseme umezaliwa na kipaji chako, ukajikuta unafanya kazi ndani ya ukuta ule. Ungeandika wapi? Kuna gazeti, L'Osservatore Romano, la tangu 1861, na mwenye gazeti ni mwenye nyumba. Sitaki kurudi kwenye Orodha ya vitabu vilivyokatazwa, iliyoanza 1559 ikafutwa 1966. Hiyo ni historia. Nawaambia ya juzi. Mwaka 2012 gazeti hilo lilianza kutoa jarida la kila mwezi la wanawake, likiongozwa na mwanahistoria Lucetta Scaraffia. Jarida dogo, kama letu. Machi 2018 wakaandika kuhusu masista wanaowapikia na kuwafulia makadinali na maaskofu kwa malipo kiduchu au bila malipo. Februari 2019 wakaandika kuhusu masista wanaonyanyaswa kijinsia na mapadre. Hakuna aliyelifunga jarida. Lakini mwezi uliofuata Scaraffia na wenzake wakajiuzulu wote, wakisema wanawekewa mazingira ya kutoaminiwa na kwamba wanaume wanataka kurudisha udhibiti. Mhariri mpya wa gazeti alikanusha, akasema hakuwaingilia. Sawa. Ila wale wanawake hawakuwa na mkutano mkuu wa kupeleka malalamiko. Hawakuwa na katiba ya jarida. Walikuwa na barua tu ya kumwandikia Papa, na mlango.

Hata waandishi wa nje, Emiliano Fittipaldi na Gianluigi Nuzzi, walishtakiwa pale mwaka 2015 kwa vitabu vyao kuhusu fedha za Kanisa, chini ya sheria ya 2013 ya kukataza kutoa nyaraka. Julai 2016 mahakama ikasema haina mamlaka juu yao. Kumbe hata mle, hakimu akiachiwa asome karatasi yake, anaweza kumwambia mwenye nyumba hapana. Na wafanyakazi 49 wa makumbusho walioandika pamoja kulalamikia hali za kazi mwaka 2024, nao walikwenda na karatasi. Hawakwenda na wimbo wa kumsifu mtu.

Kwa hiyo, ndugu yangu uliyeandika toleo lililopita, Desemba nitakuja na kipendekezo changu mfukoni: mhariri apatikane kwa theluthi mbili, muda wake uandikwe, daftari la fedha lisomwe mbele ya wote, na mlezi wetu, ambaye tunampenda na ametulipia chapa mara mbili, akae mbele kama mgeni wa heshima. Utaratibu wa kura naomba tuuchukue kutoka kwenye ile dola yako. Kadinali akiandika jina anatakiwa agushi hati yake ili isitambulike. Humu ndani tunajuana hati wote, tumesomeana miswada miaka yote hii, na yangu inajulikana kwa ubaya. Nimeanza kufanya mazoezi ya mkono wa kushoto.